Maiti wa Tobata

Wengi waliomjua Munakata Ryohei kwa sura walimjua akiwa maiti. Alikuwa yule jambazi mrefu anayechomwa kisu kwenye ngazi za stesheni, yule anayepigwa risasi tambi zikiwa bado mdomoni, yule anayetupwa kutoka ghorofani na kuangukia paa la gari. Watu walikodi kanda za video, wakamtazama akifa, wakazirudisha dukani bila kujiuliza jina lake. Sokoni Kyoto, mama mmoja muuza figili alimkazia macho siku moja, kisha akapiga kelele, "Haa! Wewe si uliuawa juzi?"

Ryohei aliinama kwa adabu. "Nimefufuka, mama. Nipe mbili."

Alizaliwa Tobata, wakati ambao moshi wa viwanda vya chuma ulipanda kwa rangi zake zote, mwekundu, mweupe na wa manjano, na nguo zilizoanikwa zilirudi ndani na vumbi la kutu. Baba yake alifanya kazi mbele ya tanuri la kuyeyushia chuma. Alikuwa mtu mpole mpaka kikombe cha tatu. Cha nne kilipoteremka, mkono wake ulianza kutafuta kitu cha kupiga, na mara nyingi kilichokuwa karibu ni Ryohei. Dada zake walikimbia. Mama alipiga magoti akaomba. Ryohei alijitafutia njia yake: alisimama wima. Hakujikinga, hakulia, hakufumba macho. Kofi lilipokuja lilimkuta palepale.

Hapo ndipo alipogundua jambo ambalo mtoto hapaswi kuligundua, kwamba anayempiga mtu asiyesogea huumia. Baba alipiga, akapiga tena, kisha akakitazama kiganja chake kana kwamba amebadilishiwa, akaenda kujikunja ukutani.

"Sogea basi, we mtoto," alimwambia siku moja. "Kwa nini husogei?"

Ryohei hakusogea. Damu ya pua ilimfika kidevuni, naye akajiona mshindi.

Gitaa la besi alilipata kwa mtu aliyehama mji kwa haraka. Hakujua noti hata moja, ila alijua mshindo: alikua akisikiliza nyundo za mvuke kiwandani na hatua za baba yake kwenye ngazi, na vyote viwili vilimfundisha kujua lini kishindo kinakuja. Akapanda treni kwenda Hakata, kwenye vile vyumba vya chini ya ardhi ambamo vijana walikuwa wakipiga roki kwa hasira, na huko akakutana na Shirouzu Katsuki.

Katsuki alimzidi mwaka mmoja. Alikuwa mwana wa duka la mayai ya samaki yaliyokolezwa pilipili, na vidole vyake vilikuwa vyekundu siku zote. Sauti yake ilianza chini kama mtu anayekusimulia siri, kisha ikapasuka, na ilipopasuka watu waligeuka kutazama mlango, wakidhani kuna aliyeingia. Bendi waliiita Tanuri. Katsuki aliimba, Ryohei alisimama nyuma yake kushoto, na kati yao palikuwa na jambo ambalo hawakulizungumzia kamwe: Katsuki alipovuta pumzi, kidole cha Ryohei kilikuwa tayari kimegusa waya. Hawakuhitaji kutazamana.

Ngumi ndizo zilizowapa jina. Enzi zile mtu hakwenda kusikiliza Tanuri, alikwenda kunusurika. Chupa zilirushwa, viti vilirushwa, na Ryohei alikuwa akiruka kutoka jukwaani akiwa na gitaa shingoni, anapiga kichwa, anapiga goti, kisha anarudi mahali pake bila kupoteza mapigo ya wimbo. Kuna kijana alipoteza meno ya mbele akaja wiki iliyofuata kuomba sahihi kwenye fizi. Wenye kumbi waliwafukuza. Ryohei alilala mahabusu, akatoka, akapiga tena. Alipokuwa akipiga, mwili wake wote ulinyamaza, na kunyamaza huko alikupenda kuliko muziki.

"Ipo siku utaua mtu," Katsuki alimwambia wakinywa supu ya tambi kwenye kibanda cha kando ya mto.

"Wao ndio wanaanza, kaka."

"Wao wanaanza. Wewe humalizi."

Kisha kampuni moja ya rekodi ya Tokyo ikatuma mtu kuja kuwatazama. Habari zilivuja. Ukumbi ulijaa mpaka ukuta ukatoa jasho, na mashabiki walewale waliowapenda walikuja na hasira ya watu walioachwa.

"Wasaliti!" walipiga kelele. "Nendeni Tokyo mkapakwe poda!"

"Twiga! Wewe twiga wa besi! Shuka huku nikukate shingo!"

Chupa ilitua juu ya jicho la Ryohei. Aliruka. Aliyeirusha alikuwa kijana mnene aliyevaa koti la shule, naye alianguka kwa ngumi ya kwanza, lakini Ryohei aliendelea. Alimpiga kwa mguu. Alimpiga kwa kisigino. Akalivua gitaa shingoni, akalishika kwa mikono miwili kama shoka, na hapo mkono ukamshika bega kutoka nyuma.

"Ryo. Inatosha. Ameshalala."

Aliisikia sauti. Miaka yote iliyofuata hakuwahi kujidanganya kwamba hakuisikia. Lakini mwili ulikuwa umeshaanza kugeuka, na gitaa liligeuka nao.

Waya wa umeme wa gitaa ulikuwa bado umechomekwa. Kwa hiyo taya la Shirouzu Katsuki lilipovunjika, spika zililipokea pigo na kulitoa ukumbini, noti moja nzito ya chini kabisa, iliyotikisa glasi kwenye kaunta. Watu mia mbili wakanyamaza kwa pamoja. Noti ile iliendelea kuvuma mpaka mtu mmoja akapata akili ya kuchomoa waya.

Taya liliunganishwa vibaya. Katsuki aliweza kula na kuzungumza, lakini kinywa hakikufunguka tena zaidi ya upana wa vidole viwili, na sauti ile haikuwa na mlango wa kutokea. Ryohei alikwenda hospitali na tikiti tamu ndani ya sanduku la mbao, kama inavyopasa kumjulia hali mgonjwa. Mama yake Katsuki alikuwa amekaa kitini nje ya chumba. Hakupandisha sauti.

"Mikono hiyo isiingie humu," alisema.

Ryohei aliliweka sanduku sakafuni, akaondoka, na hakuacha kuondoka mpaka alipofika Kyoto.

Kazi ya filamu aliipata kwa sababu ya sura. Palikuwa na njaa ya filamu za majambazi za kukodishwa kwenye kanda, zilizopigwa haraka haraka, na waongozaji walitaka nyuso zenye makovu ya kweli. Walimpa kisu cha mbao na maneno mawili ya kusema. Kabla ya chakula cha mchana alikuwa ameshamvunja pua mwigizaji mmoja wa kujazia umati.

Mwalimu wa mapigano pale studio alikuwa Igawa Shigeyoshi, mtu mfupi, mdomo mchafu, anayefyonza kokwa la tunda lililokolezwa chumvi kutwa nzima. Alimwita Ryohei uwanjani mbele ya watu wote.

"Wewe wa Tobata. Nipige."

"Kweli, mwalimu?"

"Kweli. Usiniletee adabu za mkwe."

Ryohei alirusha ngumi. Igawa alikuwa ameshaanguka kabla haijafika, kichwa kimerushwa nyuma, kokwa limeruka mdomoni, mwili umeviringika mara mbili vumbini na kutulia ukiwa umepinda vibaya. Mtu mmoja aliguna. Ryohei aliutazama mkono wake. Haukuwa umegusa kitu.

Igawa akainuka akijipangusa. "Umeona? Kupiga ni kazi ya mpumbavu. Kila mlevi anapiga. Hapa anayekufa ndiye anayeongoza. Anavuta pumzi, anasogea, na anayeua anamfuata. Anayeua hajui chochote, ana silaha tu. Na lijue hili mapema: pigo lililotua si filamu, ni ajali. Mimi sionyeshi watu ajali. Umemvunja yule mmoja. Ukivunja wa pili, panda treni."

Kwa mpiga besi, somo lile halikuwa geni. Ilikuwa ni kusimama nyuma kushoto tena, kumjua mwenzako kwa pumzi. Ryohei akajifunza kufa. Alijifunza kutoa hewa kwa pua kabla ya upanga kufika, kuteremsha bega la kushoto, kuuacha uzito uondoke kwanza magotini halafu shingoni. Mastaa walimpenda kwa sababu aliwafanya waonekane wakali. Waoga waliomrushia panga huku wamefumba macho walitoka kwenye onyesho wakiwa mashujaa. Alikufa matopeni, alikufa thelujini, alikufa ndani ya bafu la maji ya moto. Jioni alirudi kwenye chumba chake kimoja, akachemsha maji, akala peke yake. Tangu pua ile ya kwanza hakumgusa mtu yeyote, na watu walianza kusema Munakata ametulia. Hakuwa ametulia. Alikuwa anangoja, na hakujua anangoja nini, mpaka siku mwongozaji kijana aitwaye Nabeshima alipoingia chumba cha kuvalia akiwa na macho ya mtu mwenye homa.

"Kaka Munakata, nilikuwepo ukumbini Hakata siku ile. Nilikuwa na miaka kumi na tano." Akainama, akainuka. "Nina filamu. Majambazi wawili waliokuwa kama ndugu. Wewe umemsaliti mwenzako, naye anakuja kukuua kwa bomba la chuma. Na huyo mwenzako nimeshampata."

"Ni nani?"

"Shirouzu Katsuki."

Ryohei aliacha kufunga kifungo cha shati. "Amekubali?"

"Aliuliza kitu kimoja tu. Aliuliza nani atamfundisha. Nikamwambia wewe."

Katsuki alishuka kwenye treni akiwa amebeba pakiti za mayai ya samaki kwenye barafu. Alikuwa amenenepa. Uso wake ulikuwa umeegemea upande mmoja, kama nyumba iliyotikiswa na tetemeko na wenyewe wakaendelea kuishi ndani. Ryohei alipomwona uani mwa studio alipiga magoti, akaweka viganja chini, akashusha paji la uso kuelekea kwenye kokoto.

"Simama," Katsuki alisema. Maneno yalitoka kwa pembeni, lakini yalitoka. "Utachafua suruali ya watu."

"Kaka, mimi..."

"Nimesafiri tangu asubuhi. Choo kiko wapi?"

Hakumruhusu kuendelea siku ile, wala siku zilizofuata. Kila Ryohei alipofungua mdomo kuomba radhi, Katsuki alipata kitu cha kuuliza, cha kula au cha kucheka. Wakafanya mazoezi wiki nzima kwenye ghala la studio. Nabeshima alitaka bomba la chuma kweli, jembamba, kwa sababu ya uzito wake na namna linavyokata hewa. Igawa alikataa, akatukana, akakataa tena. Ni Ryohei aliyemshawishi.

"Nitalipokea mimi, mwalimu. Umewahi kuona nimeshindwa kupokea?"

Igawa alilihamisha kokwa shavuni. "Sijaona," alisema, na kwa neno hilo akaruhusu.

Katsuki hakuwahi kumpiga mtu maishani mwake. Siku za kwanza alilishika bomba kama mtu aliyepewa nyoka. Ryohei akamfundisha kwa pumzi. "Usinitazame. Nisikilize puani. Nikitoa hewa, njoo." Siku ya nne jambo likatokea. Ryohei alitoa hewa, bega likashuka, na bomba likapita juu ya shingo yake kwa nafasi ya unene wa kitabu, bila haraka, bila hofu, palepale lilipotakiwa kupita. Walirudia. Likapita tena. Wote wawili walijua ni nini, na hakuna aliyelitaja.

Asubuhi ya kupiga filamu walikaa kwenye makreti wakila matonge ya wali.

"Kaka," Ryohei alisema, "leo unaweza kunipiga kweli. Sitamwambia mtu."

"Una wazimu? Mimi nauza mayai ya samaki."

"Una haki yako."

"Haki ya kufanya nini? Nipitishie chai." Katsuki alikunywa kwa ncha ya midomo, kama ilivyombidi. Kisha akasema, akitazama kikombe, "Wiki hii nimepiga muziki, Ryo. Kwa bomba, lakini nimepiga. Usiniharibie."

Ryohei alisikia, na hakuelewa. Aliyasikia maneno yale kama upole wa mtu anayedai na anaona haya kudai. Ameogopa kuomba, alijiambia. Basi nitampa bila kuombwa. Na uamuzi huo ulipoingia, mwili wake wote ukanyamaza kwa namna ambayo haukuwa umenyamaza tangu Hakata.

Taa ziliwashwa. Nabeshima alikaa chini ya kamera akiuma kucha. Igawa alisimama pembeni, mikono nyuma. Katsuki alikuja kwa hatua nzito kutoka gizani mwa ghala, koti likipepea, uso wake uliopinda ukiwa na huzuni ambayo hakuna mwalimu angeweza kumfundisha. Aliinua bomba. Ryohei alitoa hewa kwa pua, sawasawa, kama walivyokubaliana.

Kisha hakusogea.

Chuma kilimkuta kati ya sikio na bega. Mfupa wa mtulinga ulilia kama kuni kavu. Sikio lilipasuka, damu ikaruka kwenye shati la Katsuki na kwenye kioo cha taa, ikachemka hapo na kutoa harufu. Ryohei alianguka upande, na katika kuanguka alihisi furaha baridi, ileile ya utotoni.

"Kata!" Igawa alipiga kelele.

Katsuki alikuwa ameliachia bomba. Alivitazama viganja vyake, kimoja kisha kingine. Halafu akamrukia. Alimkalia kifuani, akampiga ngumi mdomoni, ngumi za mtu asiyejua kukunja vidole, zinazomuumiza mwenyewe.

"Sogea!" alikuwa akilia. "Kwa nini hukusogea? Umetoa pumzi! Nimekuja kwa pumzi yako, mshenzi wewe! Kwa nini hukusogea?"

Watu watatu walimvuta. Aliendelea kurusha mateke hewani.

"Miaka yote hii nina taya bovu lakini mikono yangu ilikuwa safi! Hicho tu! Hicho tu ndicho nilichokuzidi! Umeniibia hata hicho!"

Ryohei alimtazama kutoka sakafuni kwa jicho moja, jingine likiwa limejaa damu, na aliyemwona hakuwa Katsuki peke yake. Alimwona baba yake amejikunja ukutani, anakitazama kiganja chake. Alielewa alichokuwa akimfanyia mtu yule, usiku hadi usiku, kwa ule ushindi wake wa kimya. Hakuwa amelipa chochote leo. Alikuwa amepiga tena, kwa mkono wa mwingine.

"Tumepata," Nabeshima alinong'ona, macho yanang'aa. "Mungu wangu, tumepata!"

Igawa alikwenda kwenye kamera bila kukimbia. Alifungua kasha, akatia mkono, akaivuta filamu nje iharibike kwa mwanga, mkono kwa mkono, mpaka ikarundikana miguuni pake kama matumbo ya samaki.

"Mwalimu! Hiyo ni filamu yangu!"

"Na shingo ni ya nani?" Igawa alisema. Kisha akamgeukia Ryohei, na sauti yake ilikuwa chini. "Ulinambia utalipokea. Nilikuamini, kenge wewe. Ukipona, usikanyage uwanja wangu."

Ryohei alijiinua kwa mkono mmoja. Wa kushoto ulining'inia. Alitema jino.

"Turudie, mwalimu."

"Mfupa umetoka nje ya mstari wake, mjinga. Lala chini."

"Mara moja. Baadaye unifukuze." Akamgeukia Katsuki. "Kaka. Sikuombi unisamehe. Nimekuharibia muziki wako, nataka kuurudisha mahali pake. Nitasogea."

Katsuki alikuwa ameketi sakafuni akihema, vifundo vya vidole vimechubuka.

"Mara ngapi nikuamini?" aliuliza.

"Sijui. Hii moja."

Igawa alitukana kwa muda, kwa ustadi. Kisha akamfunga Ryohei mkono kifuani kwa kitambaa chini ya koti, akaleta bomba la mwanzi lililopakwa rangi, akaamuru kamera ijazwe upya. Nabeshima alitii bila neno.

Katsuki alirudi gizani. Akaja tena kwa hatua zilezile. Aliinua mwanzi. Ryohei alisimama mbele yake, uso wote damu, akasikiliza. Akavuta pumzi iliyomchoma mbavuni. Akaitoa kwa pua.

Bega likashuka. Mwanzi ukapita juu yake, kwa nafasi ileile ya unene wa kitabu, na upepo wake ukamgusa nywele. Aliongoza mpaka chini: magoti, nyonga, shingo. Aliangukia mfupa uliovunjika kwa sababu ndiko mapigo yalikotaka aangukie. Maiti halii, naye hakulia. Alilala macho wazi sakafuni, na juu yake Katsuki alisimama akipumua, mwanzi mkononi, mpaka Nabeshima akasema kata kwa sauti ndogo kama anayeomba ruhusa.

Ndipo Ryohei akatapika na kupoteza fahamu.

Alipozinduka alikuwa kwenye machela, mlango wa gari la wagonjwa uko wazi. Mhudumu mwenye glavu alikuwa akiuliza watu uani.

"Ndugu wa mgonjwa ni nani? Anahitajika mmoja wa kwenda naye."

Igawa aliangalia pembeni. Kisha koti lenye madoa likapita katikati ya watu, na Katsuki akapanda garini, akijipinda ili asigonge kichwa.

"Wewe ni ndugu yake?" mhudumu aliuliza.

"Ndugu hana. Mimi ndiye niliyempiga. Inatosha?"

Mhudumu alimtazama shati, akamtazama uso, akafunga mlango. Gari liliondoka kwa kishindo na Ryohei akasaga meno yaliyobaki. Alitaka kusema kitu. Midomo ilikuwa imevimba, neno la kwanza lilitoka likiwa mate.

"Nyamaza," Katsuki alisema. "Kila wewe ukiwaza jambo, mtu anavunjika."

Kwenye kona ya kwanza aliinama, akaishika machela kwa mikono yake miwili iliyochubuka, akaikaza isiyumbe.